Molasi Kwenye Eneo la Hatari

Timu yetu ya mpira ilizaliwa siku mashine ilipoharibika. Rola ya kusaga miwa ilivunjika jino, spea ikawa inatoka Kisumu, na wafanyakazi wakakaa uani bila kazi. Mmoja akafunga gunia kuukuu kwa kamba, mwingine akalipiga teke, na kufikia saa ya chakula kulikuwa na pande mbili zinazotukanana. Mwenye kiwanda alichungulia dirishani, akaona wanaume wamekusanyika wakipiga kelele, akadhani ni mgomo. Alipoambiwa ni mpira alifurahi mno, akawanunulia jezi ili waendelee kukasirikiana wenyewe kwa wenyewe.

Hiyo ndiyo historia yetu, nami naijua kwa sababu nauza chakula kwenye geti la kiwanda hicho, huku upande wa Mayoni, na wote walikula kwangu jioni hiyo wakisimulia kwa vinywa vilivyojaa obusuma, ugali wetu wa huku. Kocha huisimulia tofauti. Kocha ndiye mwangalizi wa boila, na ni shemeji yangu, mulamwa kwa lugha yetu, ameoa dada yangu, kwa hiyo nina ruhusa ya kumcheka kutwa nzima na yeye hana ruhusa ya kununa. Siku moja alisoma kwenye simu habari za klabu ya huko Ukraine iliyoanzishwa na wafanyakazi wa kiwanda, ikalelewa na kiwanda, mpaka ikajulikana na watu wa mbali. Basi hatukupumzika tena. Kila mazoezi yalianza na Ukraine. Mchezaji aliyeshindwa kukimbia aliulizwa kama kule Ukraine angevumiliwa. Shemeji hajawahi kupita Busia, lakini ukimsikiliza ungedhani alizaliwa huko akaletwa Kakamega kwa uhamisho.

Mimi nilikuwa daktari wa timu. Sikusomea. Nilikuwa na ndoo safi, sponji, na sauti ya kumwambia mtu aliyelala chini ainuke. Niliwaponya wengi.

Shida ilianza miwa ilipoadimika. Wakulima walikuwa wamechoka, wengine wameing'oa wakapanda mahindi, na kiwanda kikawa kinasaga siku chache tu kwa wiki. Meneja akatuletea ujumbe: mwenye kiwanda ameona uwanja wetu ni shamba zuri lililolala bure. Angekuja Jumamosi kutazama mechi yetu na timu ya Iguhu, kisha aamue kama pabaki uwanja au papandwe miwa. Kocha aliposikia alikuja kibandani kwangu, akaagiza chai, akaiacha ikapoa. Uwanja ule aliuchimbua yeye kwa jembe lake, visiki na vyote, jioni baada ya zamu, na dada yangu alikwishazoea kuuita mke mwenza. Nilitaka kumtania nikashindwa, maana nami nilikuwa naogopa. Bila mpira wa Jumamosi, sisi wa pale getini tungebaki watu wa kuuziana chai na kulalamika.

Kwa hiyo tulijiandaa, na hapo ndipo tulipoharibu. Ilikuwa kiangazi, uwanja vumbi tupu, na mwenye kiwanda anajulikana kwa kupiga chafya. Watu wa kwingine wangemwaga maji. Sisi ni watu wa sukari. Barabara yetu ya kuingilia kiwandani humwagiwa molasi, ile shira nyeusi inayobaki sukari ikishatolewa. Ikichanganywa na maji mengi na kuachwa ikauke, vumbi hutulia. Kocha aliyajua hayo yote vizuri kuliko mimi. Lakini alitaka kumpa mkubwa heshima kamili, akaagiza imwagwe nzito, asubuhi ya mechi yenyewe, mbele ya viti vya wageni na kwenye eneo la hatari la kila upande. Nilimuuliza kama haitanata. Akaniambia nishughulikie ndoo yangu.

Nyuki walifika kabla ya mashabiki.

Watu wa Iguhu walikuja na ngoma za isukuti, na kama ilivyo desturi yao Ikolomani, hawakuliacha nyumbani dume lao la ng'ombe la kupigana. Lilikuwa jeusi, shingo nene, limelishwa vizuri kuliko sisi wote. Walizunguka nalo uwanja mzima wakiimba kwamba huyu ndiye mchezaji wao wa kumi na mbili, kisha wakalifunga nyuma ya goli lao. Refa, mzee mpole kutoka Ekero aliyekuwa akimpa kila mtu salaam aleikum kabla ya kumwonyesha kadi, alilitazama dume, akaitazama saa, akapuliza filimbi.

Katikati ya uwanja tulicheza mpira. Kwenye eneo la hatari tulisonga ugali. Mtu aliingia pale mbio, akapunguza mwendo bila kupenda, kisha akawa anang'oa mguu mmoja mmoja. Golikipa wa Iguhu alijirusha mara moja, akainuka na nusu ya uwanja kifuani, na tangu hapo alikataa kujirusha tena. Mimi niliitwa si kutibu bali kuosha viatu. Mwenye kiwanda alikaa wima na tai yake. Kocha akaninong'oneza kwa fahari kwamba hajapiga chafya hata kidogo.

Kipindi cha pili tulibadilishana magoli, Iguhu wakahama pamoja na dume lao. Mshambuliaji wetu, mkata miwa mwenye miguu mirefu, alimpita kila mtu pamoja na golikipa, akausukuma mpira kwenye goli tupu. Mpira ukaviringika, ukazubaa, ukasimama kabla ya mstari. Umenata. Wachezaji wote waliukimbilia na hakuna aliyefika.

Sasa, ng'ombe na molasi ni mapenzi ya zamani. Huku tunawachanganyia kwenye majani. Dume lile lilikuwa limenusa tangu mchana, na uvumilivu wake ukaisha. Likakata kamba, likazunguka nguzo, likaingia uwanjani, likainamisha kichwa na kuanza kulamba ardhi kuelekea golini. Lilipoufikia mpira, likaulamba nao kwa ulimi wote. Mpira ukavuka mstari.

Refa aliufuata mpira, akahakikisha umevuka. Kisha akamfuata kapteni wa Iguhu, akamuuliza kwa upole kama yule kweli ni mchezaji wao, kama walivyoimba. Kapteni akaangalia dume, akaangalia mashabiki. Kumkana dume mbele ya watu wake, Ikolomani nzima hakuna mwanamume wa kufanya hivyo. Akakubali. Refa akatangaza wamejifunga wenyewe. Isukuti zikalia kwa nguvu mpya, na nadhani wengi walirudi Iguhu wakiamini wao ndio walioshinda.

Mwenye kiwanda aliinuka kuja kwetu. Kiatu kimoja kilibaki. Aliendelea kutembea na soksi, akasimama mbele ya kocha, na hakuna aliyethubutu kutazama chini.

"Hii molasi ni ya kiwanda?" akauliza.

Kocha alivua kofia. Angeweza kusema lolote. Mimi nilikuwa tayari na uongo mzuri.

"Ni ya kiwanda, mkubwa," akasema. "Hata sisi ni ya kiwanda."

 Mkubwa alirudi akang'oa kiatu chake, akaondoka amekishika mkononi.

Jumatatu trekta lilikuja na plau. Kocha alimwachia mwenzake boila, akatoka kutazama, nikaacha sufuria motoni nikamfuata. Lililima nyuma ya magoli. Likalima pembeni huku, likalima pembeni kule, kila mzunguko likiingia ndani zaidi. Halafu dereva akainua plau, akageuza, akarudi kiwandani. Ndivyo alivyoagizwa. Kilichobaki katikati ni kiwanja kama cha shule ya chekechea, chenye udongo mbichi pande zote ukisubiri miwa.

Kocha aliingia akatembea kutoka upande mmoja hadi mwingine. Alifika haraka sana.

"Ni kadogo, mulamwa," akasema.

"Wachezaji wako hawakimbiangi sana," nikamwambia.

Alicheka, kisha akalia, nami nikalia naye. Halafu akaanza kutafuta mahali pa kuchimbia nguzo za goli.