Ulimi wa Mpika Keki

Jikoni kwenye duka la keki, wenzake walimwita Ulimi. Hakuna krimu iliyotoka kwenda dukani kabla hajaionja. Akikunja uso, inarudi kwenye bakuli. Miaka ikaenda, mwili ukanawiri, mpaka magoti yakaanza kulalamika kila akipanda ngazi za nyumbani. Daktari hakumung'unya maneno.

"Mama, punguza uzito. Anza na sukari."

Mdogo wake, fundi cherehani aliyeishi naye, alimletea mche wa stevia kwenye kopo la rangi. Ukitafuna jani lake, mdomo mzima unakuwa mtamu, halafu uchungu kidogo unabaki nyuma ya ulimi, kama wa dawa. Ulimi akayakausha majani, akayasaga, akawa anatia unga wake kwenye chai badala ya sukari.

Lakini hakutulia. Kila asubuhi yuko juu ya mizani: ashuke, apande tena, aisogeze karibu na dirisha kana kwamba sakafu ndiyo inayomwonea. Uzito ulishuka kidogo, ukagoma, ukarudi. Akaongeza unga wa majani. Chai ikawa chungu, akaimeza hivyohivyo.

"Hii mizani mbovu," alimwambia mdogo wake.

"Dada, mizani ni nzima. Tatizo ni hicho ulichoshika."

Alikuwa ameshika kipande kingine cha mkate, siagi imefika mpaka kwenye kingo.

"Si chai haina sukari!"

"Haina, na kila siku unajipa zawadi kwa ajili hiyo. Umeacha sukari, kula hujaacha."

Alinuna kutwa nzima. Kesho yake akapunguza mkate, akaanza kwenda kazini kwa miguu. Hata unga wa majani akaupunguza, maana kwake kila utamu ulikuwa unaamsha hamu ya mwingine. Taratibu magoti yakapoa, magauni yakalegea, na mdogo wake akayabana huku akipiga vigelegele.

Ndipo balaa likazuka kazini. Krimu ileile aliyoizoea ikawa inamkaba koo kwa utamu. Akaagiza sukari ipunguzwe, akaonja, akaagiza ipunguzwe tena. Mwenye duka akaingia jikoni na keki iliyorudishwa na mteja.

"Ulimi, hii ni keki au mkate?"

Aliionja mbele ya wenzake. Kwake ilikuwa tamu vya kutosha, na hapo hofu ikamwingia. Tangu siku hiyo akawa anazunguka kati ya meza na jokofu, anaonja, anatema, anasukutua. "Eti, iko sawa?" aliwauliza wenzake, yeye ambaye hakuwahi kumuuliza mtu.

Mwishowe akamfuata mwenye duka.

"Nipeleke upande wa mikate."

"Na krimu ataonja nani?"

"Yeyote. Mimi sijiamini tena, na kurudia sukari sirudii."

Mwenye duka alikuna kichwa, akakubali shingo upande.

Unga wa mkate hauonjwi. Unaukanda mpaka viganja vikuambie basi. Mwanzoni aliukanda kupita kiasi kwa wasiwasi, mikate ikatoka migumu kama matofali. Sasa inatoka laini, wateja wanaisifu. Ila mpaka leo akishaingiza trei kwenye oveni hawezi kukaa: anafuta meza ambayo ni safi, anachungulia kwenye kioo cha oveni, anarudi kufuta tena.