Antena Juu ya Dohani ya Jacobs

Pale Warwick, sokoni Durban, upande wa mafundi cherehani, jina lake halisi walilijua wachache. Wengi walimwita Antena. Aliitwa Mwita, Mkurya wa Tarime, na kazi yake ilikuwa kupaka rangi vitu virefu: milingoti ya redio, matangi ya maji yaliyoinuliwa juu ya miguu ya chuma, na hasa dohani, yale mabomba makubwa ya moshi ya viwanda vya kusini mwa Durban.

Kazi hiyo aliianzia kwao akiwa kijana. Mlingoti mmoja wa redio ulihitaji rangi, mafundi wawili wakautazama wakakataa, yeye akapanda na ndoo. Alipofika juu alikaa, akatoa kipande cha muhogo mfukoni, akala. Msimamizi alikuwa chini na darubini. Inasemekana hakuangalia hata rangi ilivyopakwa. Aliona mtu anatafuna kule juu bila wasiwasi, akamwandika kazi ya kudumu.

Durban alifika mwaka tisini na tano. Aliajiriwa na Bwana Perumal, Mhindi wa Chatsworth, aliyekuwa na bakkie moja, yaani pikapu, kamba nyingi na wafanyakazi wachache. Mwita alikaa Berea, vyumba viwili vya uani katika nyumba ya zamani iliyogawanywa kwa wapangaji. Mkewe, Atuganile, Mnyakyusa wa Tukuyu, alishona sare za shule pale Warwick. Binti yao Rhobi walimwacha kwa bibi yake Tukuyu mpaka mambo yakae sawa.

Jumapili wapangaji walikula pamoja uani, na hapo Mwita alikuwa na neno. Alivijua virefu vyote vya dunia, alivisikia redioni na hakuvisahau. Mwaka ule wa tisini na nane ubishi ulikuwa juu ya minara pacha ya Malaysia. Wanafunzi waliopanga chumba cha mbele walisema imelipita lile jengo la Chicago. Wengine wakasema hapana, ile ncha ya juu si jengo, ni pambo. Ukihesabu ncha, basi uhesabu na antena za Chicago.

"Yote mawili hayahesabiki," Mwita alisema.

"Kwa nini, kaka?"

"Yana lifti. Kitu chenye lifti hakiwezi kuitwa kirefu. Kirefu ni kile unachopanda kwa mikono."

Kisha akawaeleza habari za mlingoti wa Poland, zaidi ya mita mia sita, uliokuwa mrefu kuliko chochote kilichowahi kusimamishwa na binadamu, ukaanguka mwaka tisini na moja wakati mafundi wanabadilisha nyaya zake. Aliusikitikia kama mtu anayesikitikia ndugu aliyekufa kabla hajamtembelea.

Ndiyo maana Perumal alipotangaza kwamba wamepata kibarua Secunda, huko Mpumalanga, Mwita alizunguka Warwick nzima kuwaambia watu. Secunda kuna dohani ya mita mia tatu. Afrika yote hakuna kitu kinachosimama bila nyaya kinachoipita. Wangekwenda mwezi wa sita, wakimaliza dohani ya Jacobs, hapo hapo Durban.

Ile ya Jacobs ilikuwa ndogo, mita kama tisini, ya kiwanda kilichokuwa kimezima tanuri kwa ukarabati. Uwanja wa ndege uko karibu, kwa hiyo ilipaswa kuwa na mistari myekundu na myeupe, na taa nyekundu kileleni. Mwita alipanda na Vénérand, Mrundi wa Bujumbura, mwashi wa zamani aliyejifunza kazi ya juu kwa Mwita mwenyewe. Siku hiyo hakukuwa na upepo. Walibadilisha taa, wakafunga kamba za rangi, wakapaka mstari wa kwanza. Ndege moja ilipita ikitua, wakaisubiri, wakaendelea.

Halafu Vénérand alisema jambo, hakujibiwa. Akageuka. Mwita alikuwa amesimama kwenye ngazi ya chuma, hatua chache chini ya ukingo, amekumbatia kipago kwa mikono yote miwili. Brashi ilikuwa imeanguka.

"Kaka Mwita, iko nini?"

"Inatikisika."

"Siku zote inatikisika. Weye ndiyo ulinifundisha hivyo."

Ni kweli. Dohani ndefu haikosi kuyumba kidogo, na Mwita alikuwa akiwaambia wageni wa kazi kwamba ile isiyoyumba ndiyo ya kuogopa. Lakini leo alikuwa amefumba macho, na jasho lilimtiririka shingoni.

"Fungua mkono," Vénérand alisema.

"Nimeuambia. Haufunguki."

Vénérand hakubishana naye. Alimfunga kwa mkanda wa pili kwenye ngazi, akahakikisha kulabu zimeshika, kisha akamwita Perumal kwenye simu ya upepo iliyoning'inia kifuani mwake. Perumal kwanza alidhani ni utani. Alipoelewa, alitaka kupiga simu zimamoto. Vénérand akamwambia ngazi yao haifiki hata nusu. Perumal akamsemesha Mwita, akambembeleza, akamfokea, akambembeleza tena.

"Bosi," Vénérand alisema mwishowe, "tuma gari Warwick. Mlete shemeji."

Atuganile aliletwa kwa bakkie, utepe wa kupimia bado uko shingoni. Robot zote, taa za barabarani, ziliwawakia nyekundu, na dereva hakumweleza zaidi ya kwamba mumewe yuko juu na hataki kushuka. Alipofika hakutazama juu. Aliuliza swali moja tu.

"Amefungwa vizuri?"

"Amefungwa," Perumal alisema.

Atuganile akatafuta debe tupu la rangi, akaligeuza, akakaa ameipa dohani mgongo, uso kwenye ukuta wa kiwanda. Perumal akampa simu ya upepo, akamwonyesha kwa vidole: bonyeza useme, achia usikilize. Atuganile akabonyeza. Ila hakuachia. Aliishika kama mtu aliyeshika kuku anayetaka kukimbia.

"Baba Rhobi, ni mimi. Nimeletwa na gari la bosi wako. Nimemwacha mama mmoja wa Kizulu na blauzi yenye mkono mmoja, na shule yao inataka sare kesho. Sijui nimwambie nini. Nimwambie mume wangu yuko juu ya bomba? Mkanda wa cherehani umekatika tena. Ulisema utaleta mwingine, ukaleta habari za Secunda. Nimeufunga kwa uzi, nao unaruka, cherehani inashona nusu na nusu inaacha."

Perumal alimwashiria aachie kitufe. Hakumwona. Alikuwa anaongea na ukuta.

Kule juu, sauti ilitoka kifuani mwa Vénérand. Mwita alikuwa bado amefumba macho, lakini Vénérand aliona ameinamisha kichwa upande wa sauti.

"Na mama alipiga simu kwa jirani jana. Rhobi ameng'oka jino la mbele. Wenzake waking'oka jino wanalitupa juu ya paa, yeye amekataa. Analificha kwenye soksi. Bibi yake anauliza afanye nini. Mimi nimesema mwacheni. Wewe ungesemaje? Najua ungesema mwacheni. Na kule nyumbani bomba la bafuni linavuja, mwenye nyumba anasema ni sisi tulioliharibu..."

Vénérand alishuka kwa kamba yake mpaka chini ya Mwita. Akamshika kifundo cha mguu.

"Bon. Mimi niko chini yako. Mguu wako ni wangu sasa. Usiufikirie. Mkono tu, weye fikiria mkono."

Akaunyanyua mguu wa kulia wa Mwita, akauweka kwenye kipago cha chini yake. Kisha wa kushoto. Mikono ilibaki pale pale, mwili ukaning'inia, na kwa sababu mwili ulikuwa mzito, vidole vya mkono mmoja vikafunguka vyenyewe, vikatafuta chuma kingine. Vénérand akahamisha kulabu. Mguu wa kulia. Mguu wa kushoto. Walikwenda hivyo, wakipumzika kwenye kila ukanda wa rangi ya zamani, na muda wote ile sauti iliendelea kusimulia habari za mwenye nyumba, bei ya vitambaa, na binamu wa Tukuyu aliyeoa bila kumwambia mtu.

Walipogusa ardhi Perumal alimshika Mwita mabega. Mwita akampita, akatembea polepole kuelekea kwenye lile debe, Vénérand akimfuata na simu yake kifuani. Walipokaribia, zile simu mbili zikaanza kupigiana mluzi mkali. Atuganile akaitazama ya kwake, akadhani ameiharibu, akageuka amwite Perumal. Mumewe alikuwa amesimama nyuma yake.

"Umeshuka," Atuganile alisema.

"Nimeshuka."

"Umesikia habari ya jino?"

"Nimesikia. Mwacheni."

Hapo ndipo Atuganile alipolia, na alilia kwa hasira. Perumal akaenda kuangalia matairi ya gari.

Kesho yake Mwita alirudi kazini. Alivaa mikanda yake, akashika ngazi, akapanda vipago vitatu. Akasimama. Akashuka. Alijaribu tena baada ya chakula cha mchana, na siku ya pili, na juma lililofuata. Perumal hakumlazimisha. Alisema amewaona wengi. Wengine hupata hilo baada ya kuanguka, wengine bila sababu yoyote, na hao wasio na sababu hawaponi upesi. Akamhamishia kwenye winchi, kazi ya chini, ya kupandisha vifaa kwa kamba.

Pale Warwick watu hawakujua. "Antena, Secunda lini?" walimwuliza, naye akawa anajibu, "Karibu." Akaanza kupita njia ya mbali ili asiwakute. Atuganile aliliona hilo, akaendelea na kushona kwake, mpaka siku moja Mwita alipomwomba aseme kwamba safari imeahirishwa.

"Mimi siwezi kusema hivyo," alijibu. "Sema mwenyewe ilivyo, watachoka kuuliza."

Jumapili, uani, wote wamekaa na sahani zao, Mwita akasema, "Mimi sipandi tena."

"Umeanguka?" mwanafunzi mmoja akauliza.

"Hapana."

"Umeumwa?"

"Hapana."

"Eish. Sasa nini, kaka?"

"Nimeogopa."

Mtu mmoja akaanza kucheka, akaona hakuna anayemfuata, akainama kwenye ugali wake. Vénérand, aliyekuja kula nao siku hiyo, akaomba chumvi. Baadaye wakazungumza mpira.

Secunda alikwenda, kama mtu wa winchi. Huko mwezi wa sita asubuhi nyasi huwa nyeupe kwa baridi. Aliposimama chini ya ile dohani aliinua kichwa mpaka kofia ikamdondoka. Kisha Vénérand akaanza kupanda, na Mwita akamtazama mpaka akawa mdogo kama punje, mpaka hakumwona. Baadaye alimwambia mkewe kwamba wakati ule alimchukia Vénérand kabisa, kwa muda kama wa kumaliza kikombe cha chai, na halafu kazi ikaanza.

Vifaa vilipandishwa kwa mifuko ya turubai. Mmoja uliponyanyuka Mwita aliona mshono wa ukanda wake unaachia, uzi mmoja baada ya mwingine. Akasimamisha winchi, akaushusha. Mfuko ulikuwa mpya, wa dukani. Akaikagua iliyobaki, akakuta mingine namna hiyo hiyo. Wakati wa mapumziko aliketi juani na sindano kubwa na uzi uliotiwa nta, akaishona upya yote, mshono juu ya mshono, kama alivyomwona Atuganile akishona mikoba ya shule.

Vénérand aliposhuka siku ya kwanza, midomo imekauka, Mwita alimpa chai, akauliza.

"Kule juu kukoje?"

Vénérand alifikiri. "Kupana," alisema. "Nilidhani kutakuwa kwembamba, kama ncha. Ile mdomo yake ni pana, upande wa pili watu wadogo. Na mvuke. Sikuona mbali, kaka. Sikuona kitu."

"Upepo?"

"Mwingi."

"Ungefunga kamba upande wa kushoto."

"Nilifunga kushoto."

Mwita akaitikia kwa kichwa, akammiminia chai nyingine.

Waliporudi Durban alifanya kazi ya winchi miezi michache, akaaga. Perumal alimwuzia kwa bei nafuu cherehani nzito iliyokwisha kutumika, ya kushonea turubai, nao wakaibana nyuma ya meza ya Atuganile pale Warwick. Alishona mifuko ya vifaa ya mafundi wa juu: wapaka rangi, watu wa nguzo za simu, wasafisha madirisha. Kila mfuko aliujaza mawe, akautundika kwenye chuma cha kibanda, akauacha ukining'inia siku nzima kabla ya kuuza. Wateja walimwita Antena bado. Hakukataa.

Mwaka uliofuata Rhobi aliletwa, akaanza shule. Aliwahi kumwuliza baba yake kilichotokea siku ile, maana alikuwa amesikia wakubwa wakizungumza. Mwita akamwambia hajui. Mkono wake ulikataa, naye hakuwa na la kuuambia. Mtoto akaridhika, akaenda kucheza.

Karibu na Krismasi ya tisini na tisa Perumal alikuja Warwick kuchukua mifuko. Alisimama akizungumza habari za kazi, kisha akasema kuna tangi la maji, fupi tu, mita ishirini, ngazi yake nzuri ina kizuizi pande zote. Kama Mwita angependa kujaribu.

Mwita aliendelea kukanyaga cherehani mpaka mshono ukaisha. Akakata uzi.

"Nina oda mpaka mwezi wa pili," alisema.

"Nimekuuliza tu."

"Najua. Asante."

Perumal akachukua mifuko yake, akaenda kutafuta alikoegesha gari. Atuganile, aliyekuwa anatunga uzi kwenye sindano, alimwambia mumewe asogee, anamzibia mwanga.