Kabla Hapajaitwa Mijohoroni

Nakumbuka siku moja mdogo wangu Elia alirudi kutoka kisimani, akatua ndoo, akasema kesho haendi tena kuchota maji. Nilimuuliza sababu. Neema, kitinda mimba wetu, ambaye hakujua kuficha neno, ndiye aliyejibu.

"Wanamwita mtoto wa Makaburini."

Mwanangu, jina hilo halikuwa la uongo. Baba na mama walifariki katika msimu mmoja wa kilimo, baba wakati wa kupanda, mama kabla ya kuvuna. Nyuma ya nyumba kulikuwa na mwamba usioingia jembe, kwa hiyo ukoo uliwazika mbele, karibu na barabara. Kila aliyetoka Itigi kwenda mashambani aliyaona makaburi mawili kabla hajaiona nyumba. Mgeni akiuliza njia aliambiwa, "Ukifika Makaburini, kata kushoto." Hapakuwa na ubaya ndani yake. Watu huita wanachokiona. Ila wahenga walisema mti mkuu ukigwa, wana wa ndege huyumba, na mtoto anayeyumba husikia kila neno kama jiwe.

Mimi ndiye niliyekuwa mkubwa wao. Nilikuwa darasa la sita nilipoacha shule. Sikufukuzwa wala sikushindwa masomo; mtu mmoja hawezi kuwa shambani na darasani kwa asubuhi moja. Nalisema hili kama ninavyosema kwamba Itigi kuna vumbi. Ndivyo ilivyokuwa.

Matanga yalipokwisha, ukoo ulikaa kutugawa. Desturi ya ukoo wetu ni kwamba kaya isiyo na mtu mzima huvunjwa. Mkubwa wa ukoo hung'oa figa moja jikoni, yanabaki mawili, na chungu hakikai juu ya mafiga mawili. Kuanzia hapo, pale si nyumbani tena kwa mtu. Baba mkubwa, kaka yake baba, alikuwa amekuja kwa treni kutoka Kintinku kwa kazi hiyo. Elia angekwenda naye kuchunga mbuzi. Neema angechukuliwa na shangazi. Mimi ningekaa kwa ndugu mwingine mpaka nipate mchumba.

Niliomba ruhusa kusema.

"Sema," baba mkubwa akajibu.

"Sisi tutabaki hapa."

"Utawalisha nini wenzio?"

"Nitakacholima."

"Na usipovuna?"

"Tutalala na njaa, lakini pamoja."

Shangazi akacheka, akajifuta macho kwa kanga. "Hiki kichwa cha mamaye hiki! Kaka, utakibeba wewe mpaka Kintinku?"

Baba mkubwa hakucheka. Hakuwa mtu mbaya, mwanangu, na usije ukamhesabu hivyo. Alikuwa mtu aliyejua kwamba watoto hufa. Alisema ataliacha figa mahali pake, na kila baada ya mavuno atakuja kutazama. Siku atakapokuta pale si kaya tena, ataling'oa, na kila mtu atakwenda alikopangiwa.

Mavuno ya kwanza alikuja. Mtama ulikuwepo, si mwingi, ila ulikuwepo. Alikagua ghala, akakagua paa, akamtazama Neema kucha na meno kama anayenunua mbuzi. Kisha akasema, "Chakula nimekiona. Lakini unajua nilivyofika hapa? Nilimwambia utingo wa lori anishushe kwa marehemu ndugu yangu fulani, akauliza, 'Makaburini?' Binti yangu, mtoto hakulii makaburini. Kesho atakuja mtu kumposa Neema, ataambiwa anatoka wapi?"

 Alipoondoka nilikasirika wiki nzima, na kila aliyetamka jina lile mbele yangu tuligombana. Niligombana na muuza mkaa. Niligombana na mwinjilisti wa watu, ambaye hata hakuwa mwenyeji. Mwenye kelele hana neno. Nilipiga kelele na jina likazidi kuenea, kwa sababu sasa lilikuwa na kisa cha kuchekesha.

Wakati huo shuleni kwa kina Elia walikuwa wanaotesha mijohoro. Kila mwanafunzi alipewa mche wake wa kumwagilia, na asiyemwagilia alichapwa. Miche ilizidi, mwalimu akawaambia wanaotaka wachukue. Elia akaja nayo kwenye karai bovu.

"Ya nini hii?" nikamuuliza.

"Tuyafiche," akasema.

Hakusema tufiche nini. Tukaipanda mstari mmoja kati ya barabara na makaburi. Ungekuwa wewe labda ungepanda mti wa kwetu, mkwaju au mninga. Hiyo ni miti ya heshima, lakini mtu huipandia wajukuu. Mjohoro ulitoka mbali, nasikia bara la Asia, na hauna subira. Tuliumwagilia maji ya kuoshea vyombo na maji ya kunawia miguu, tukauzungushia vijiti dhidi ya mbuzi. Mwaka wa kwanza ulinifika begani. Wa pili sikuweza kuufikia kwa mkono.

Baba mkubwa alipokuja mara ya pili aliitazama akasema tu, "Mmeyafunika makaburi. Na jina je?" Jina lilikuwa bado lilelile. Akaongeza kwamba yeye anazeeka, na safari nyingine hatakuja kutazama, atakuja kuamua.

Sasa sikiliza nilivyokosea. Mijohoro ilipotoa kivuli, watu walianza kusimama. Jua la kwetu unalijua, na vile vichaka vya Itigi ni vinene lakini havina pa kukaa, ni miiba na fimbo tupu. Mwanamke aliyebeba mahindi alitua mzigo wake pale. Warina asali waliweka madebe yao. Waliongoja lori wakakaa. Nami nikaona watu wanakaa karibu na wazazi wangu, wanacheka, wanatema mate. Nikaenda kichakani, nikakata miiba, nikaizungusha mstari mzima kama zizi. Wakahama. Nikajiona nimelinda kwetu.

Bibi Zuhura alikuwa jirani yetu, mjane aliyeuza uji stesheni. Alfajiri moja alipita na sufuria yake kichwani, akakuta miiba pale alipozoea kupumzika. Hakubisha hodi. Aliita toka barabarani.

"Wewe Dada Mkubwa! Toka nje!"

Nikatoka. "Shikamoo bibi."

"Marahaba, kama bado unazo adabu. Hii miiba nani kaiweka?"

"Mimi, bibi."

"Unamzuia nani? Waliolala humo hawatoki. Wanaopita hawataki kuingia. Sasa unamzuia nani?"

Nikamweleza habari ya mate na vicheko. Nikamweleza na habari ya jina, na baba mkubwa, na figa. Alinisikiliza mpaka mwisho huku sufuria ikiwa bado kichwani.

"Unataka watu waache kusema Makaburini," akasema. "Haya, waseme nini? Umewapa neno gani jingine? Mdomo wa mtu huwezi kuushona, mjukuu wangu, lakini unaweza kuupa kitu kingine cha kutafuna. Umepanda kivuli, watu wamekuja kukila, wewe unakifungia kama mbuzi. Toa miiba yako. Na uniwekee gogo hapo la kukalia, magoti yangu si kama yako."

Kisha akaenda zake kuwahi treni. Hata mkono hakunipa.  Nikatoa miiba. Elia akaleta gogo.

Yaliyofuata hayakuwa muujiza, ilikuwa mazoea tu. Watu walirudi. Neema akaanza kuwapa maji ya kunywa ya mtungi. Kwanza walisema, "tukutane kwenye ile mijohoro ya mayatima." Baadaye, "kwenye ile mijohoro." Kisha ulimi ukapenda njia fupi, wakasema Mijohoroni. Hakuna aliyekaa kikao. Sikumbuki siku lilipozaliwa, kama usivyokumbuka siku mtoto alipoacha kutambaa.

Nikajifunza pia kwamba kila mtu ana mjohoro wake. Warina asali, ukiwatajia mjohoro, wao husikia maua ya njano na nyuki wenye kazi. Elia na wenzake walisikia fimbo ya mwalimu. Mzee mmoja aliyewahi kufanya kazi genge la reli alisema mjohoro ni kuni, moto wake hauna mzaha. Mwenye nguruwe alilitaja jina hilo kwa hasira, maana majani yake humuua nguruwe. Na vijana wa kijijini, mtoto akirefuka ghafla suruali ikabaki kwenye magoti, walimwita mjohoro, na mama yake akafurahi. Mti ni huohuo. Kila mtu aliuita kwa kile ulichompa au ulichomnyang'anya. Nadhani na watu ni hivyo.

Mavuno ya tatu baba mkubwa alikuja kuamua. Habari hii aliisimulia mwenyewe mpaka alipokufa, na kila mara akiiongezea chumvi, kwa hiyo nitakupa ile ya siku ya kwanza.

Alipanda lori pale Itigi akamwambia utingo, "Nishushe Makaburini."

"Makaburi yapi, mzee? Ya misheni?"

"Yaliyo kando ya barabara. Ilipo nyumba ya mayatima."

Utingo alikuwa kijana mgeni wa njia ile. Akawauliza abiria. Abiria wakabishana, mmoja akasema huko mbele, mwingine akasema huyu mzee amekosea treni. Mwishowe mama mmoja akasema, "Jamani, si anataka Mijohoroni!" Wakamshusha.

Baba mkubwa akakaa kwenye gogo, kwa kuwa palikuwa na kivuli na miguu ilimuuma. Palikuwa na watu watano au sita. Msichana akamletea maji, akapiga magoti, akamwambia shikamoo. Miti ilikuwa imekua, na yeye macho yake yalikuwa yameanza ukungu, hakupatambua. Akamuuliza jirani yake wa gogo, "Hapa ni kwa nani?"

"Mijohoroni, mzee."

"Najua. Mwenyewe ni nani?"

"Wako watatu. Huyo aliyekupa maji ni mdogo wao. Wana kaya yao nzuri tu."

Ndipo akamtazama msichana, akamwona Neema.

Mimi nilikuwa jikoni. Nilimsikia Neema akilia kwa furaha, nikajua nani amekuja na amekuja kufanya nini. Sikutoka. Nilisonga ugali, maana mgeni ni mgeni. Baba mkubwa akaingia jikoni, jambo ambalo wanaume wa umri wake hawafanyi ila kwa kazi moja tu. Akachuchumaa karibu na moto. Elia akasimama mlangoni, mkono kwenye mwimo.

Baba mkubwa akanyoosha mkono, akaligusa figa la kushoto, akaurudisha mkono haraka na kupuliza vidole.

"Linaunguza," akasema.

"Ndiyo, baba mkubwa. Napika."

"Kila siku unapika saa hii?"

"Kuna watu barabarani, nao hula."

Akaendelea kupuliza vidole kwa muda mrefu kuliko vilivyoungua. "Figa la moto halishikiki," akasema. "Nitangoja lipoe." Akatoka nje kula na wageni.

Hakulingoja, na wala halikupoa. Aliishi miaka mingi baada ya hapo, akawa anakuja kila mavuno, na hakuingia tena jikoni. Elia alimaliza shule pale pale, Neema akaolewa kutoka pale pale, na mahari yake ilijadiliwa Mijohoroni. Ile mijohoro ya kwanza imeshakatwa yote barabara ilipopanuliwa. Jina limebaki, na siku hizi kuna watu wanalitaja bila kujua mjohoro ni mti gani. Sioni ubaya.

Basi mwanangu, nakwambia hivi. Ukipewa jina usilolipenda, la uyatima, la umaskini, la kosa la mzazi wako, usipoteze nguvu zako kugombana na vinywa. Fanya jambo moja linaloonekana, na likianza kuwafaa watu usilizungushie miiba, hata kama wanacheka karibu na kidonda chako. Chema chajiuza. Siku hizi naona kijana anaandika jina la duka ukutani kwa rangi tatu kabla hajaleta chumvi. Lete chumvi kwanza, watu watakuita. Na kama umeachiwa wadogo, usiwatawanye kwa sababu mzigo ni mzito. Mzigo wa ndugu haupungui ukitua, unabadilika tu kuwa majuto. Tena ukikutana na mkubwa mgumu kama baba mkubwa, mpe heshima yake na umpe nafasi ya kubadili uamuzi bila kuaibika. Wapo wanaoitafuta nafasi hiyo na hawajui kuiomba.

Mungu akupe mgeni atakayepumzika kwako bila kukujua, akainuka ameshiba maji, akawaambia wa mbele yake, "Kuna mahali pale, piteni." Na jikoni kwako pasikose mtu wa kuwasha moto.