Mwigizaji Aliyeshukiwa na Balozi

Kila nikijalidi daftari la shule kwa karatasi ya gazeti la Kirusi, ile laini inayonuka kama mafuta ya taa, nakumbuka siku balozi wa nyumba kumi alipokuja kwetu, kando ya Nyasa, kukamata picha.

Ilikuwa picha ya mwigizaji wa sinema. Dada aliichana gazetini, akaitundika ukutani kwa mwiba. Kitambi cha balozi kiliingia kwanza, naye akafuata.

"Huyu namjua! Gari la sinema lilipokuja mara ya kwanza, alikuwa mke wa afisa wa Kijerumani. Mara ya pili, analima shamba la ujamaa. Jasusi! Naondoka naye."

"Anaigiza tu, Ndugu Balozi," dada akalia. "Kwao ni Latvia, upande wa kuelekea Ujerumani. Mwenye sinema kasema ndiyo maana Warusi wanampa kuigiza Wajerumani."

Bibi alikuwa anapaa mbasa, samaki wa ziwani. "Nawe, mwanangu, ulikuwa tarishi wa Mwingereza, ukitukimbiza tulipe kodi ya kichwa. Leo umevaa beji ya chama. Tukukamate?"

Balozi akakumbuka ana kikao.

Tulicheka mpaka bibi akaielekezea picha kisu.

"Mgeuzeni huyo atazame ukuta. Mimi navalia nguo humu."