Nilivyokwenda Johannesburg Kujibu Posa ya Amina

Nilikwenda Johannesburg kwa sababu kaka yangu alikwisha kufariki, na kwetu Muheza posa ya msichana haijibiwi bila upande wa baba. Kaka alikuwa fundi magari. Alihamia huko na mkewe Sofia, binti yao Amina akiwa bado ananyonya. Sasa Amina alikuwa mwalimu wa chekechea, na kijana aitwaye Keenan alitaka kumwoa. Wakubwa wa ukoo wakakaa kikao, kisha wote wakanigeukia mimi, shangazi, muuguzi mstaafu ambaye Kiingereza ninacho na magoti bado yanapanda basi. "Nenda ukawaone hao watu," wakasema. "Ukiridhika, itikia. Usiporidhika, kataa." Ulikuwa mwaka uliofuata Kombe la Dunia lililochezwa huko.

Tunduma tulivuka kwa amani. Zambia ikawa misitu mitupu kutwa nzima, na jirani yangu wa kiti kwenye basi, mama wa Kikongo mfanyabiashara wa vitenge, alikoroma kuanzia mpakani hadi Lusaka bila kuniomba radhi. Kwenye daraja la Limpopo foleni ilikuwa ndefu, jua kali. Ofisa wa uhamiaji akaniuliza nafuata nini Afrika Kusini. "Posa," nikasema. Ilibidi nimweleze, naye akacheka, akagonga muhuri na kuniambia nisiwe mkali sana kwa wakwe.

Johannesburg tuliingia asubuhi yenye baridi ya kukata masikio. Wifi yangu Sofia alikuwa akinisubiri stendi na koti la ziada. "Tutashuka robot ya pili, wifi," akaniambia kwenye teksi, nami nikatafuta mashine kumbe ni taa za barabarani. Anakaa Troyeville, kwenye mtaa wa mteremko wenye nyumba kuukuu za vibaraza vya chuma, anashona sare za shule. Amina akanipokea kwa "Shikamoo Shangazi" safi kabisa, na hapo Kiswahili chake kikawa kimekwisha. Mengine yote alisema kwa Kiingereza.

Jioni hiyo Sofia alinitolea ya moyoni. Familia ya Keenan ni Makaladi, machotara wa huku. Serikali ya zamani iliwaweka katikati, chini ya Wazungu na juu ya Waafrika, nao huko katikati wakajengeana ngazi: nani mweupe zaidi, nani ana nywele laini zaidi.

"Wanakaa Observatory, juu kilimani," Sofia akasema. "Mama yake akimleta Keenan hapa, hashuki garini. Wifi, mwanangu ataishi vipi na watu hao?"

"Eish, Mama," Amina akadakia. "Keenan yuko sharp. Ni mama yake tu."

Nikalala nalo swali hilo, maana jibu lilikuwa mdomoni mwangu na si mwa mwingine.

Jumapili baada ya ibada mimi, Sofia na Amina tulipanda Observatory. Nyumba nzuri, bustani imefyekwa, mbwa wawili wanene. Baba yake Keenan, Bwana Trevor, ni mtu mpole wa ofisi ya bima. Mkewe, Bi Charmaine, alituketisha kwenye makochi ya rangi ya maziwa, Keenan akakaa kando ya Amina. Ukutani zilijaa picha za jamaa zao, wote weupe, wote wamechana nywele zikalala. Tulipokwisha kusalimiana nikafanya anachofanya mwanamke yeyote wa kwetu ugenini: nikainuka kwenda jikoni kuwasalimu wapishi na kutia mkono. Bi Charmaine akaruka. "Hapana, tafadhali, kaa!" Nikadhani ni adabu tu, maana hata kwetu mwenyeji humkatalia mgeni mara ya kwanza. Nikazidi kwenda.

Jikoni palikuwa na bibi mmoja mweusi kama mimi, amevaa aproni, amekaa kwenye stuli anakata boga. Nikachukua kisu nikamsaidia, nikamuuliza kama amefanya kazi hapa miaka mingi.

Akacheka. "Mimi nimemzaa mwenye nyumba."

Kisu kikanisimama mkononi. Naye akaendelea kukata huku akinieleza, bila kulalamika. Zamani, wakikaa upande wa Fordsburg, mume wake na watoto waliandikwa Makaladi, yeye akaandikwa Mwafrika. Sheria ilikataza watu wa rangi hizo mbili kukaa nyumba moja, na wakaguzi walikuwa wakija kuona nani anaishi na nani. Mlango wa mbele ukigongwa, yeye alikimbilia jikoni, akavaa aproni, akawa mtumishi. Watoto walifundishwa kumwita Anna mbele ya watu.

"Na sasa, Bibi? Sheria hiyo si imekufa?"

"Imekufa. Lakini wageni wakija, mkwe wangu hunitazama, nami nainuka."

"Na Keenan?"

"Keenan hunibusu hapa jikoni. Kule sebuleni bado hajathubutu."

Hasira ilinipanda, na huruma juu yake. Akilini nilimwona Amina amezeeka, amekaa kwenye stuli ile ile.

Niliporudi sebuleni Bwana Trevor akasimama, akaleta posa kwa maneno ya heshima. Wote wakaningoja.

"Kwetu," nikasema, "jibu la posa hupokelewa na bibi mzaa baba wa kijana. Nikimpa mwingine, sijajibu."

Hakuna mila kama hiyo Muheza, wala Tanga nzima. Sofia, anayejua mila zetu kuliko mimi, alikohoa.

"Mama amepumzika," Bi Charmaine akasema.

"Hajapumzika. Tumekata boga naye sasa hivi."

Keenan akainuka, uso umemwiva. Baba yake akamshika bega. "Kaa. Hii ni kazi yangu." Akaenda jikoni, akarudi peke yake. "Ametoka kwa mlango wa nyuma," akasema. "Hakuniambia kitu."

Machozi yakamlenga Amina. Niliogopa kweli; nilijiona nimevunja ndoa ya mtoto wa marehemu kwa kiherehere changu.

Kengele ya mlango wa mbele ikalia. Hakuna aliyejongea. Ikalia tena, na Bwana Trevor akaenda kufungua. Bibi alikuwa amesimama kizingitini, hana aproni.

"Nimesikia kuna posa," akasema. Hakuingia. Alikuwa anangoja.

Bwana Trevor akatugeukia. "Huyu ni mama yangu," akasema.

Ndipo akaingia, akachagua kochi lililo karibu nami. "Haya, mgeni. Jibu lako?"

"Ndiyo," nikasema, na Amina akaangua kilio begani kwa Keenan. Bi Charmaine alikwenda jikoni, akakaa huko sana. Alirudi macho mekundu, akampakulia bibi kwanza. Ya moyoni mwake sikuyaona.

Kwenye basi la kurudi nilifikiri jinsi sheria inavyofutwa siku moja, na miguu ya watu ikaendelea kuitii miaka. Nilijifunza pia kwamba mgeni huweza kuuliza ambalo mwenyeji ameshindwa, mradi awe tayari kuona haya.

Muheza walinipokea kwa shangwe. Hata sijatua mzigo, dada yangu akaniwahi. "Tuambie, mkwe ni mweupe kiasi gani? Wajukuu watatoka maji ya kunde?"

Nikamtazama, kisha nikawatazama wengine waliokuwa wakingoja jibu wakitabasamu.

"Bibi yake ni mweusi kama mimi," nikasema. "Akija, mumkalishe sebuleni."