Malaria ya Bajia

Jamani, hii nitaisimulia mwenyewe, kwa sababu waliokuwepo siku hiyo wengi wangali hai na wakiisimulia wao wataongeza chumvi, afadhali aibu yangu niitoe kwa mdomo wangu. Ninyi mnaoniona nimeketi mstari wa mbele kanisani na kitambaa kichwani, mimi huyu niliwahi kuombewa na wanawake saba, nimelala kitandani chini ya blanketi, nikiguna, na ugonjwa sina.

Ilikuwa miaka ile ya themanini, tukikaa mtaa wa Nyalenda hapa mjini, nyumba ya vyumba viwili, cha nje cha kukalia na kupikia, cha ndani cha kulala, katikati pazia. Nilikuwa nimekuja kwa Ochieng' mwaka mmoja nyuma bila harusi (mambo ya vijana mnayajua, tulikubaliana tu, mahari ikaanza kwenda polepole), mimi nimetoka Maseno kwa watu wanaosali Jumapili, yeye kwao Pap Onditi ni watu wa Sabato tangu babu yake. Kanisani waliniita msichana wa Ochieng'. Si mke, msichana, na mimi nikiwafulia hata vitambaa vya meza ya Bwana! Ili niitwe mke ilibidi nibatizwe kwanza ndipo tufungishwe ndoa, na ili nibatizwe ilibidi mtu mzima wa kanisa asimame mbele ya watu aseme, huyu namjua, yuko tayari. Mtu huyo alikuwa mama mkwe wangu, na ndiyo maana alikuja mjini wiki tatu, ingawa yeye alisema amekuja kutibiwa macho.

Mama hakuwa mkali. Angekuwa mkali ningejua pa kushika. Yeye alikaa tu, anakutazama unavyoosha sufuria, unamaliza, hasemi kitu, na wewe unarudia kuiosha. Usiku alilala kwa mdogo wake, nyumba ya tatu kutoka kwetu, maana kwetu mama halali katika nyumba ya mwanawe aliyeoa, wala haingii chumba anacholala mwanawe na mkewe hata kama kuna nyoka. Hilo likumbukeni, ndilo lililoniponza na ndilo lililonifichia, yote mawili.

Sasa Sabato ya pili ya kukaa kwake ilikuwa ya chakula cha pamoja, kila nyumba inaleta chake, na Mama akawaambia akina mama wenzake, mimi nikisikia kwa masikio yangu: "Nyar Maseno yeye ataleta bajia." Huyo binti wa Maseno ni mimi, na nilifurahi mpaka nikakosa usingizi. Alikuwa hajawahi kunitaja mbele za watu.

Bajia ndicho kitu pekee nilichojivunia. Kabla ya Ochieng' nilikuwa nimefanya kazi miaka miwili kwa mama mmoja wa Kihindi, nikimlelea watoto, na jikoni kwake nilijifunza kuchekecha unga wa dengu, kutia dania na pilipili na manjano, kuchanganya na maji baridi kabisa ili rojo lishike kiazi, biringanya na kitunguu bila kuteleza, halafu chatini ya ukwaju, tamu kidogo, kali kidogo, ya kuchovya. Mama yule alinifundisha kwamba bajia usiyoisikia ikivunjika mdomoni ni hasara ya mafuta, mpe mbwa. Na hapo ndipo tatizo lilipolala, kwa sababu Sabato yetu inaanza Ijumaa jua likizama, na kuanzia hapo hakuna kupika, unapika Ijumaa mchana, kesho yake unapasha moto tu.

Ijumaa saa kumi na moja kila kitu kilikuwa tayari. Viazi vimekatwa, rojo limelala bakulini, chatini iko kwenye chupa. Nikatazama jua, nikatazama karai, nikajiambia, nikizikaanga sasa, kesho saa saba zitakuwa zimenywea kama matambara, na wanawake wote wale watasema kumbe ndizo hizi. Nikafunika bakuli kwa sahani. Uamuzi wenyewe ni huo tu, kufunika bakuli.

Mama akapita mlangoni na Biblia yake kwenda kufungua Sabato kwa mdogo wake. "Nyathina, mtoto wangu, bajia imekuwa tayari?"

"Ziko tayari, Mama."

Asubuhi nikajifunga leso kichwani, nikakaa mlangoni na uso wa huzuni. Nikamwambia kichwa kinanipasuka, nadhani ni malaria, wao waende, nikipata nafuu nitakuja saa ya chakula na bajia zangu. (Hesabu yangu: mahubiri yakiwa katikati nakaanga, nafika zikiwa moto, nikiulizwa nasema nimepasha. Ochieng' alikuwa kazini Homa Bay wiki hiyo, kwa hiyo wa kunizuia hakuwepo.) Mama akanishika shingo na kiganja. "Mos, pole nyathina. Lala. Usifanye kazi." Akaenda. Hapo roho ilinisuta, nisiseme uongo mwingine juu ya ule, ilinisuta, lakini mguu ulikuwa tayari unaelekea kwenye stova.

Na zilitoka, jamani! Sijawahi kupata bajia kama za siku ile. Zilikuwa zinalia zenyewe kwenye beseni. Nilikuwa nimeshakaanga za biringanya zote na nusu ya viazi, jasho linanitoka, mikono yote rojo, nikasikia wimbo. Nikadhani ni kanisani, maana kanisa halikuwa mbali. Lakini kanisa halitembei, na wimbo huu ulikuwa unakaribia.

Baadaye nilikuja kujua kilichotokea. Wakati wa kutoa haja za maombi Mama alisimama, mtu wa maneno machache yule, akasema mkaza mwanawe ni mgonjwa na amemwacha peke yake, na moyo wake haujatulia. Akasema huku sauti inakatika. Kwa hiyo wanawake saba wakainuka palepale, na mzee mmoja wa kanisa, Mzee Okumu, akawasindikiza.

Nikazima stova. Beseni la bajia nikalisukuma chini ya kiti cha Mama kwenye kona, karai na mafuta yake yanayochemka nikaliweka sakafuni nyuma ya kiti hicho hicho, nikafunika kwa sinia, nikafungua dirisha (kwani harufu inatii dirisha?), nikarukia kitandani kama nilivyo, aproni na yote, nikajivuta blanketi hadi kidevuni. Hodi ikapigwa. Ndipo nikagundua kwamba mkononi bado nimeshika kijiko cha matundu.

Kimetoka kwenye mafuta sasa hivi. Kiko pajani mwangu.

Wanawake wakaingia chumbani wakanizunguka. Mama hakuingia, hawezi, ni kitanda cha mwanawe. Mzee Okumu naye hawezi kuingia chumba cha mwanamke aliyelala. Kwa hiyo wakabaki chumba cha nje wawili, na mimi nikasikia kiti cha kona kikilia, Mama amekaa. Juu ya beseni. Mbele ya karai. Nikafumba macho, nikajua yamekwisha.

Kiongozi wa akina mama aliitwa Mama Rispa, mwanamke mwenye mkono mzito na sauti ya kuita mifugo. Akaweka ule mkono kwenye paji langu. "Wololo! Hii mwili ni moto kabisa. Na jasho!"

"Hata hii nyumba inanuka vibaya," akasema mwingine, anakohoa kwa pilipili.

"Ni majirani," akasema wa tatu. "Watu hapa hawajui Sabato, wanakaanga tu."

Wakapiga magoti wakaanza kuomba, kila mmoja kwa zamu. Kijiko kikaniunguza, nikaguna. Wakaongeza sauti. Nikakisogeza kikagusa paja la pili, nikaguna zaidi, na mmoja akaanza kulia kwa huruma, akimwambia Mungu mimi bado ni mdogo, sijazaa hata mtoto mmoja. Ninyi mnacheka. Mimi mle ndani nilikuwa nataka kufa kweli, maana wale wanawake walikuwa wameacha ibada kwa ajili yangu na machozi yao yalikuwa ya kweli.

Na nyuma ya pazia, karai lilikuwa na bajia tatu nilizozisahau ndani yake, na zilikuwa bado zinachemka kidogo kidogo, tss, tss. Nikamsikia Mzee Okumu akimwuliza Mama, "Min Ochieng', nini inalia hapo nyuma yako?"

Nikahesabu pumzi zangu.

"Hii kiti ni ya zamani," Mama akasema.

Mama yangu mkwe. Mtu aliyerudi sokoni Katito kwa miguu siku moja kuirudisha sukari aliyozidishiwa na mwenye duka.

Nadhani yangeishia hapo, lakini Mama Rispa akamaliza amina na kunishika mkono wa kushoto ili aniage, akautazama. Ulikuwa umekauka rojo, na chini ya rojo ngozi imelowa manjano hadi kwenye kifundo. Akapiga ukelele. "Yawa! Njooni muone! Mkono imekuwa yelo! Hii si malaria, hii ni maini!" Wote wakainama juu yangu. Mmoja akasema dada yake alikufa hivyo hivyo, siku mbili tu. Mama Rispa akaamua papo hapo. "Hakuna kungoja. Tumbebe, tupeleke hospitali. Shika miguu!"

Nikasema hapana, nimepona, maombi yamefanya kazi. Nani anasikia? Wakavuta blanketi.

Niliwaona wakinitazama kuanzia juu kushuka chini. Aproni yenye unga. Mkono wa kulia umeshika kijiko cha matundu kifuani, na kwenye kijiko kipande cha kiazi, kimekaangwa vizuri, rangi ya dhahabu.

"Dada," Mama Rispa akauliza taratibu, "hiyo ni nini?"

Na mimi, kichwa hiki mnachokiona, nikajibu, "Ni kijiko."

Sikumbuki walivyotoka. Nakumbuka yule aliyelia alikuwa anafuta macho kwa hasira sasa. Nakumbuka sauti ya Mama nyuma ya pazia, ya kawaida kabisa, "Twendeni, watu wanangoja chakula." Nakumbuka nimekaa kitandani nikilia mpaka jua likaondoka dirishani, na kwamba Ochieng' aliporudi Jumapili alikuwa ameshasikia yote stendi kabla hajafika nyumbani.

Jioni, baada ya kufunga Sabato, Mama alikuja. Nikapiga magoti. Akaniambia niinuke, akakaa kwenye kiti chake. Nikaona leso yake nyuma imeungua, doa la kahawia ukubwa wa kiganja, na kwenye mguu, juu ya kisigino, lengelenge. Alikuwa ameketi na mguu wake umegusa karai muda wote ule, anatandaza leso ili Mzee Okumu asione.

"Mama, ulijua."

"Nilijua kutoka kwa mlango. Mimi ni mgonjwa wa macho, si wa pua."

Nilitaka acheke. Hakucheka.

"Moto ni kitu kidogo," akasema. "Mtu anaweza kosea siku. Lakini nilisimama nikalia mbele ya watu juu ya wewe, na wewe ulikuwa unakaanga. Halafu mimi pia nikadanganya mzee wa kanisa, siku ya Sabato, na hii nywele nyeupe. Wataniuliza wiki ijayo kama uko tayari. Nitasema bado."

Iliniuma kuliko kijiko. Nikasema ndiyo, Mama.

Halafu akasema, "Leta hizo bajia."

Nikaleta beseni, nikiona haya hata ya hizo, kwa sababu zilikuwa zimelala tangu mchana, zimenywea, laini, zimeshikana. Nikasema ngoja nikukaangie mpya, sasa inaruhusiwa. Akakataa kwa mkono. Akachovya moja kwenye chatini, akaila, akachovya nyingine, akala ya tano, ya sita, mimi nimesimama tu. Hapo ndipo nilipoutazama mdomo wake. Mama alikuwa wa kile kizazi kilichong'olewa meno sita ya mbele ya chini kwa mila, nimelitazama lile pengo wiki mbili nzima akiongea, akiomba, akiimba, na sikuwahi kujiuliza anauma vipi vitu vikavu.

"Hizi ndizo nilikuwa nataka," akasema. "Za kulala. Zile zinavunjika zinanikata ufizi."

Na Sabato iliyofuata alisimama kanisani, wakamwuliza, na mimi nimeketi mstari wa nyuma, akasema bado, akaketi. Nilingoja miezi minne. Siku aliporudi mjini akasimama tena aliniita chi wuoda, mke wa mwanangu, mbele ya wote, na Mama Rispa ndiye aliyepiga kigelegele cha kwanza, ingawa hadi leo tukikutana ananishika mkono kwanza autazame rangi.

Kwa hiyo ninyi mabinti mnaoolewa sasa, mimi sina hekima kubwa ya kuwapa. Kudanganya mtu anayekuombea sitarudia hata nikipewa mji huu wote, na Ijumaa saa kumi na moja karai langu limeshaoshwa, bajia zimefunikwa kwenye beseni zinanywea zenyewe, na mtu akitaka za kuvunjika namwambia aje Jumapili.