Taa Mwambani

Majuzi niliuona tena mnara wa taa kwenye mwamba ule wa ziwani, upande wa Geita. Taa haimo tena. Chini yake wanawake wameanika dagaa.

Alasiri mnara ulipoanza kujengwa, mwamba ulinuka samaki walioanikwa na mama yangu. Nyapara alishusha saruji mtumbwini, akawasukumia samaki wetu majini kwa kiatu.

“Hapa panajengwa taa ya meli, Mama Kabula. Tafuta jiwe lingine.”

“Nitaanika wapi? Kichwani kwako?” mama alifoka.

Mimi nilidhani taa hiyo ingewaka kama jua. Nikamwambia, “Mama, si tutaanika hata usiku!”

Vibarua wakacheka. Mama akanizaba kofi.

Sasa najua kofi lile lilikuwa la nyapara. Mimi ndiye niliyekuwa karibu.